Bwana wa Uskoti na Posa ya Eden Prairie

Tangu nistaafu, kila nikikutana na nyinyi vijana, iwe kanisani, msibani au kwenye sherehe ya mtu aliyemaliza chuo, mnaniuliza swali lilelile, tena huku mnacheka: "Mwalimu, seriously, miaka yote hiyo ulikuwa unafundisha habari za mzungu mmoja aliyekufa?" Kuna mmoja wenu aliongeza, "At least angekuwa mzungu maarufu." Mimi hucheka pamoja nanyi kwa sababu nililelewa vizuri. Nikifika kwenye gari ndipo nasonya. Leo sicheki, na wala sisubiri kufika kwenye gari.

Kwa wasionijua, mimi ni Mwalimu Tusajigwe, Mnyakyusa wa Tukuyu. Nilikuja hapa Saint Paul, Minnesota, nikiwa msichana, nikasoma historia, halafu nikahamia upande wa pili wa meza nikafundisha historia ya Ulaya ya karne za kati katika chuo kimoja hapahapa mjini, mpaka magoti yakakataa ngazi. Na huyo mzungu mnayemcheka ni kabaila mmoja wa Uskoti, Bwana Alasdair, aliyekuwa mjumbe wa mfalme wake. Wewe uliyekwisha kutoa simu, irudishe mfukoni. Hutampata. Vitabu vingi havimtaji, na vinavyomtaja vimempa mstari mmoja tu.

Hilo ndilo jambo la kwanza linalonikera. Mtu akikata vichwa vya wenzake, anachongwa akiwa juu ya farasi na kuwekwa katikati ya mji. Mtu akikaa kwenye benchi la mbao katika nyumba ya adui, ana njaa, miguu imelowa, anabembeleza vichwa visikatwe, huyo hachongwi hata juu ya punda. Nilikuwa na mwenzangu kazini, tulimwita Bwana Upanga, ambaye kila muhula ulipoanza aliingia darasani na upanga wa bandia akiuzungusha hewani. Wanafunzi walijaa kwake mpaka wengine wakakaa sakafuni. Kwangu walikuja wachache, na baadhi yao walikuwa wamekosea chumba. Mkuu wa idara aliniita akaniuliza kama naweza kuongeza "energy" katika masomo yangu. Nilimjibu kwamba kama babu zake hawakuchinjwa, ni kwa sababu kuna mtu alikaa chini akaongea. Alitikisa kichwa, akaandika neno "energy" kwenye karatasi yake akalipigia mstari.

La pili ni hili la kuulizwa nimepotea njia wapi. Siku ya usaili wa kazi, watu wa jopo walinitazama, wakatazama barua yangu, wakanitazama tena. Mmoja akaniuliza kwa upole mwingi kama nisingejisikia nyumbani zaidi nikifundisha Afrika. Mtoto wa Minnesota akikaa majira mawili ya joto na Wamasai, anarudi hapa anaitwa mtaalamu na watu wanamsikiliza. Mimi nimejifunza Kilatini kibovu cha makarani wa kale, nimesoma barua zilizoliwa na panya, halafu naulizwa kama sijisikii nyumbani. Niliwaambia ukweli: Uskoti kuna mvua isiyokoma, kuna ukungu, kuna ng'ombe, na watu wanagombana juu ya mipaka ya mashamba na nani alimtukana babu wa nani. Mimi natoka Tukuyu, niliwaambia, hakuna mtu kwenye meza hii anayeijua nchi hiyo kuliko mimi. Walicheka, nikapata kazi.

Aliyenifundisha kazi yenyewe alikuwa profesa wangu, mama mmoja mwenye asili ya Norwe, mfupi, mwenye sauti ya kukwaruza, aliyekula karoti mbichi darasani kama sungura. Nilimpelekea karatasi ndefu niliyoandika kuhusu hotuba moja ya Bwana Alasdair, nimeipamba kweli. Alinirudishia bila kuigusa kwa kalamu. Akaniambia, "Umesoma alichosema. Hukusoma nani alimtuma, wala huyo aliyemtuma alimficha nini." Nilikasirika, nikaenda kulia maktabani. Baadaye nikaisoma upya hotuba ile, nikaona kila mahali alipokuwa anazungukazunguka maneno ni mahali ambapo bwana wake alikuwa amemfunga mdomo. Tangu siku hiyo sijawahi kusoma barua ya mjumbe, wala kumsikiliza mjumbe, bila kujiuliza aliyeko nyuma yake ameficha nini.

Na yeye mwenyewe Bwana Alasdair alijifunza kwa aibu. Safari yake ya kwanza alikuwa kijana kama nyinyi, amevaa joho la kuazima. Mezani kwa adui wakamuuliza kama mfalme wake ni mzima. Mfalme alikuwa kitandani kwa maumivu ya mgongo, hawezi hata kugeuka. Kijana akataka kupendeza, akasema mfalme ni mzima kabisa, jana tu alikuwa mawindoni. Wenyeji wakatazamana. Walikuwa wanajua kila kitu, maana wafanyabiashara wa sufi walikuwa wamekwisha kuwaambia. Hawakubishana naye. Asubuhi alipoondoka wakampa zawadi ya kumpelekea mfalme, chupa ya dawa ya mgongo. Hebu fikirini safari ya kurudi nyumbani na chupa ile kwenye mfuko wa tandiko. Kuanzia hapo hakupanda farasi kwenda popote kabla hajamkalisha chini aliyemtuma na kumuuliza: ni kitu gani hutaki niulizwe?

Nilifundisha swali hilo kwa miaka yote. Nilikuwa na zoezi moja ambalo wanafunzi walilichukia. Mmoja anampa mwenzake ujumbe, mwenzake anavuka uwanja wa chuo kwenye theluji mpaka ofisi ya Bwana Upanga, anaufikisha, anarudi na jibu. Masharti ni kwamba huongezi neno na hupunguzi. Mnadhani ni rahisi? Karibu wote waliongeza sukari. Binti mmoja alitumwa kusema "tunakataa" akarudi amekubali kwenda kula chakula cha mchana. Kijana mwingine alirudi amevimba, anadai ametukanwa, kumbe Bwana Upanga alimwambia tu afute viatu. Kufikisha maneno ya mtu mwingine yakiwa mazima ni kazi ngumu, na dunia inaidharau kwa sababu inafanywa ukiwa umekaa.

Sasa najua mnachosema mioyoni. Sisi ni manesi, sisi tuna-code, hayo ya makabaila yanatuhusu nini? Yanawahusu kwa sababu mkitaka kuoa mnanijia mimi. Mnasema, "Mwalimu, tunahitaji mshenga," kama vile mnahitaji mtu wa kukodi viti. Kwenu mshenga ni pambo. Kuna mmoja alitaka nimposee kwa video, yeye akiwa kwenye mapumziko kazini, anakula sandwichi. Nilikata simu. Mshenga ni mjumbe, tena wa hali ya juu, kwa sababu anapeleka neno la familia kwenye familia, na neno hilo watu watalilalia na kuliamkia maisha yao yote.

Basi mwishoni mwa kipupwe hiki, theluji ikiwa bado imerundikwa kwenye kingo za barabara, imekuwa nyeusi, Lugano alikuja kwangu. Majina ya watu hawa nimeyabadilisha, kwa hiyo msianze kunyoosheana vidole. Lugano ni nesi, anaishi Fridley. Nyumba ya mama yake na ya dada yangu kule Tukuyu zinatazamana, ndiyo maana ananiita shangazi ingawa hatuna damu moja. Baba yake alishafariki, na hapa ndugu yake ni baba yake mdogo tu, Ambakisye, anayefanya kazi kiwandani hukohuko Fridley. Alikuwa anataka kumwoa Neema, mfamasia, binti wa Mzee Msuya wa Eden Prairie. Binti mtaratibu, anayekutazama machoni ukiongea naye.

Nilimkalisha Lugano jikoni kwangu, nikampa chai, nikamuuliza.

"Lugano, ni kitu gani hutaki niulizwe kule?"

Akacheka. "Shangazi, mimi sina siri. I swear, niulize chochote."

"Umewahi kuoa?"

"Hapana."

"Una mtoto?"

"Shangazi! Hapana."

Nilimuuliza. Nataka mlijue hilo vizuri kabla sijaendelea. Nilimuuliza uso kwa uso, na chai yangu ikiwa mkononi mwake.

Tulikwenda Eden Prairie Jumamosi, mimi, Lugano na Ambakisye. Mnaijua Eden Prairie. Barabara zinajikunja kama utumbo, nyumba zote zimefanana, na hakuna mtu hata mmoja anayetembea kwa miguu umuulize njia. Ambakisye alikuwa anabishana na simu iliyokuwa inamwelekeza. Tulipofika tulivua mabuti mlangoni, mimi nikabaki na soksi za sufi chini ya kitenge cha harusi. Mama Neema alituletea chai ya tangawizi na maandazi. Neema alikuwa jikoni kama desturi inavyotaka, ila mlango wa jiko ulikuwa wazi, na nilijua anasikia.

Mzee Msuya, Mpare, injinia mstaafu, alikuwa amevaa suti kamili ndani ya nyumba yake mwenyewe. Akasema, "Huku kwetu mtu hafiki kwa bahati mbaya. Semeni kilichowaleta."

Nikasema, "Mzee, kwetu Fridley kuna baridi kali. Tumesikia hapa pana jiko."

Walicheka, Mama Neema akapiga kigelegele kifupi cha majaribio. Halafu Mzee Msuya akaacha kucheka.

"Mwalimu, mimi sitauliza mengi. Dada yake Neema aliolewa hapahapa, tukaambiwa mwanamume hana familia. Baadaye mke wake akajitokeza kutoka Dodoma na watoto. Binti yangu mpaka leo hajakaa sawa. Nakuuliza jambo moja. Huyu kijana ana mke au mtoto popote duniani?"

"Hana."

"Hilo wamesema wao, au unasema wewe?"

Hapo ndipo penye uzito wa kazi, wanangu. Mshenga akisema "wamesema wao," ameshaweka mguu mmoja nje ya mlango. Mdomo wa mshenga na mdomo wa nyumba iliyomtuma ni mdomo mmoja.

"Nasema mimi," nikamjibu.

Mzee Msuya akanipa mkono. Akasema turudi baada ya muda, wakishaongea na ndugu zao wa Same, tupange siku ya harusi. Lugano alinishika begani tulipokuwa tunavaa mabuti. Macho yake yalikuwa na machozi ya furaha, nami nikafurahi naye kama mjinga.

Jumapili moja baada ya hapo nilimpigia dada yangu kule Tukuyu. Tuliongea habari za mvua, za ndizi, za nani kafa. Halafu kwaya. Dada akasema, "Leo mtoto wa Lugano ameimba peke yake mpaka watu wametoa leso."

"Lugano yupi?"

"Lugano huyo wenu wa Marekani. Mtoto anaitwa Tumpe, alimzaa na yule binti wa duka la dawa. Mama yake alishaolewa kwingine, mtoto analelewa na bibi yake hapa mbele ya mlango wangu. Yuko darasa la pili. Kwani wewe hujui?"

Nilikaa chini kwenye ngazi nikiwa na koti langu mwilini. Sikuwa na hasira na mtoto, Mungu ananisikia. Mtoto si kosa. Nilikuwa nafikiria mkono wa Mzee Msuya ulivyokuwa mkavu na moto ndani ya wangu.

Nilikwenda Fridley bila kupiga simu kwanza, jambo ambalo hapa Marekani linakaribia kuwa uvamizi. Lugano alinifungulia akiwa bado amevaa nguo za kazini. Ambakisye alikuwa mezani anakula ugali.

"Tumpe ni nani?" nikauliza nikiwa bado mlangoni.

Ambakisye aliacha kutafuna. Lugano akaegemea ukuta. "Shangazi, it's complicated."

"Si complicated. Ni mtoto. Anaimba kwaya."

"Namtunza, Shangazi. Hakosi kitu. Nilikuwa nita-explain kwa Neema after the wedding, nimpe muda anizoee. Unajua dada yake kilichomtokea. Ningesema mwanzoni, wangenifungia mlango."

"Kwa hiyo ukanituma mimi nikaufungue kwa uongo."

Ambakisye akanawa mkono polepole. "Mwalimu, usiyakuze mambo. Kila mwanaume ana past. Mshenga kazi yake ni kufikisha, siyo kuchunguza. Na wewe unaogopa nini? Mjumbe hauawi."

Wanangu, nimewahi kukasirika maishani. Nimekasirishwa na wakuu wa idara, na watu wa uhamiaji, na mwanamume mmoja pale madukani Roseville aliyeniuliza kama mimi ndiye ninayefanya usafi hapo. Lakini "mjumbe hauawi" iliyotoka mdomoni mwa Ambakisye siku ile, na matonge ya ugali mbele yake, ilinichemsha damu. Nikavuta kiti, nikakaa bila kukaribishwa, nikawapa somo la bure ambalo wanafunzi wangu walililipia.

Niliwaambia hivi. Mfalme wa Bwana Alasdair alishikwa mateka. Bwana Alasdair akatumwa kuomba aachiwe. Alikaa kwenye benchi lile la mbao majira mazima, akapata masharti: mfalme atarudi kwao, na akishafika atatimiza mambo kadha wa kadha aliyoahidi. Wenye mateka wakasema, sawa, lakini nani anatuhakikishia? Desturi ya wakati ule ilikuwa kuweka watoto rehani. Bwana Alasdair akaenda kwa mfalme wake kifungoni akamuuliza kama kuna neno lolote alilolificha. Mfalme akaapa hakuna. Basi Bwana Alasdair akamwacha kule mwanawe wa kwanza, mtoto ambaye meno yake ya mbele yalikuwa bado hayajaota vizuri.

Mfalme alifika kwao. Akala, akanywa, akatawala, na ile ahadi hakuigusa, kwa sababu tangu mwanzo hakuwa na nia ya kuigusa. Wakubwa wa pale nyumbani wakamwambia Bwana Alasdair maneno kama yako, Ambakisye. Wewe umefikisha, yaliyobaki hayakuhusu. Yeye akapanda farasi, bila msafara, akarudi kwenye nyumba ileile ya adui, akasimama mbele ya benchi lile. Akasema, niliyoyasema hapa yalikuwa uongo, nami sikujua, na sasa najua. Wakamfunga na yeye. Mwanawe alikuwa ameshakufa kwa homa katika kipupwe kilichopita, na hakuna aliyejali kumpelekea baba habari. Na vitabu vimeandika nini? Kwamba alifaulu kumrudisha mfalme wake. Alifaulu! Niliusoma mstari huo nikiwa na mimba ya mwanangu wa kwanza, nikakifunga kitabu kwa kishindo mpaka mkutubi akasimama.

"Sasa nakwambia, Ambakisye," nikamaliza, "mjumbe hauawi, ni kweli. Wanaouawa ni wale aliowaweka dhamana. Hapa aliyewekwa dhamana ni binti wa watu, na mtoto wa darasa la pili."

Lugano alikuwa ameketi sakafuni. "Nikisema, nitampoteza Neema."

"Huenda."

"Then why, Shangazi? Why?"

"Kwa sababu nilisema 'nasema mimi.' Na kwa sababu Neema hakuwahi kuulizwa kama yuko tayari kudanganywa. Jumamosi nakwenda Eden Prairie. Ukija, utasema mwenyewe. Usipokuja, nitasema mimi."

Ambakisye alisimama, akaniambia nimeiuza nyumba yao kwa Wapare. Nilimwambia nyumba inayouzwa kwa ukweli ilikuwa imeshabomoka. Nikavaa buti zangu.

Lugano alikuja. Alinipitia Saint Paul mwenyewe, na njia nzima hatukuongea isipokuwa alipotaka kupitiliza njia ya kutokea barabara kuu nikamwonyesha. Mzee Msuya alikuwa na suti ileile. Alidhani tumekuja kupanga siku, na Mama Neema alikuwa amepika pilau. Harufu ya pilau ile nusura inirudishe nyuma.

Sikusubiri chai. "Mzee, mara ya kwanza uliniuliza jambo moja, nikakwambia nasema mimi. Nilichokisema hakikuwa kweli. Sikujua, na sasa najua. Aliyenituma yuko hapa, atasema."

Lugano alisema. Sitamsingizia, alisema yote, bila kuzunguka, macho kwenye zulia. Neema akatoka jikoni, kitambaa cha vyombo mkononi, akasimama nyuma ya kiti cha baba yake. Hakulia. Alisema tu, "All this time, Lugano. Kila siku ulikuwa unaniuliza kama nataka watoto."

Nilikuwa nimejiandaa kufukuzwa. Badala yake Mzee Msuya akatazama saa ya ukutani.

"Huku ni saa nne asubuhi. Kule kwenu sasa ni jioni, mtoto hajalala. Mpigie. Nataka kumsalimia."

"Sasa hivi, Mzee?"

"Sasa hivi. Weka sauti tusikie sote."

Lugano akapiga. Bibi akapokea, tukasikia akiita, tukasikia miguu midogo ikikimbia, na mvua juu ya bati, mvua ya kwetu. Halafu sauti ya mtoto, imejaa furaha.

"Shikamoo, anko Lugano!"

Niliona giza. Anko! Kumbe haikutosha kumficha mtoto kwa Neema. Alikuwa amemfundisha mtoto mwenyewe amwite anko, ili siku akipiga simu na watu wako karibu hapa Minnesota, asije akateleza. Mimi nilidhani nimebeba uongo mmoja kwenda Eden Prairie. Mtoto yule alikuwa anaubeba kila Lugano alipopiga simu, kwa heshima zote, akianza na shikamoo. Nilitaka kusimama nimzabe Lugano kofi mbele ya wakwe, na msidhani nilizuiwa na elimu. Nilizuiwa na magoti.

"Anko?" Neema akasema. Neno moja tu, akaliweka mezani pamoja na kile kitambaa.

Lugano akainamia simu.

"Tumpe. Mimi si anko. Mimi ni baba yako."

Tulisikia mvua tu.

"Najua," mtoto akasema. "Bibi alisema nisiseme mpaka useme wewe."

Mama Neema akafunika uso kwa upande wa khanga. Mzee Msuya akanyoosha mkono, akachukua simu, akaisogeza mdomoni kama watu wazee wanavyofanya. "Tumpe, mimi naitwa Babu Msuya." Mtoto akaamkia, naye akaitikia marahaba, akamuuliza kama amekula, na amekula nini, na mwalimu wake anaitwa nani. Aliongea naye mpaka hali pale sebuleni ikapoa kidogo. Kisha akamrudishia Lugano simu.

"Posa hii nairudisha," akamwambia. "Siyo kwa sababu ya mtoto. Nenda kwa mwanao ukaitwe baba, mpaka azoee. Ukirudi na bado ukitaka kuja hapa, njoo. Ila huyu Mwalimu usimtume tena."

Lugano ameshaondoka kwenda Tukuyu. Neema ndiye aliyempeleka uwanja wa ndege, na msiniulize maana yake nini, kwa sababu sijui na sikutumwa kujua. Ambakisye mpaka leo hanisalimii kanisani. Anawaambia watu mshenga gani huyu, anafanya kazi ya polisi. Na mwambieni nimesikia.

Kwa hiyo nyinyi mnaonicheka na mzungu wangu, mkija kwangu na habari za kuoa, mlango uko wazi na chai ipo. Lakini sitachukua koti langu kwenda kwa watu kabla hamjapiga simu nyumbani, hapohapo jikoni kwangu, na kuweka sauti. Nitakaa kimya. Nataka kusikia mnaitwa nani.